Barua kwa mwanangu daktari kuhusu kusema hadharani

Kongwa, Dodoma

Mwanangu mpendwa,

Barua yako imenifikia. Unauliza kama inafaa daktari kijana, tena mwajiriwa wa serikali, akubali mwaliko wa redio na kuzungumzia wagonjwa wanaoachwa nyuma kwa sababu ya umaskini, umbali au mila zao, au ni afadhali anyamaze atibu. Jibu langu ni kwamba nenda ukaseme, ila usiwasemee watu kabla hujawauliza wao wenyewe wangependa kusema nini.

Katika uuguzi wangu, ugonjwa ulionifunza hilo ni trakoma, ambayo sisi huiita vikope. Kwa muda mrefu maelezo yalikuwa kwamba akina mama wa Kigogo hawawaoshi watoto nyuso, nzi wanajaa machoni, maambukizi yanajirudia, kope zinageukia ndani na mtu anaishia kupofuka ukubwani. Kitabibu maelezo hayo yana ukweli, isipokuwa ile lawama. Mama anayeamka alfajiri kwenda kuchimbua maji kwenye mchanga wa korongo huigawa ndoo yake kabla hajafika nyumbani: ya kunywa, ya kupikia, ya ndama, uso wa mtoto haumo katika mgao. Watafiti waliochapisha matokeo yao mwaka 1995 walifuata njia nyingine hapa wilayani: pamoja na kugawa dawa, walikaa na wanavijiji na kujadiliana nao namna ya kuziweka nyuso safi, na watoto waliodumu na nyuso safi walipungukiwa na trakoma kali. Maji yanayohitajika ni kidogo mno, lakini mama huliamini hilo akiona uso ukitakata kwa kata moja ya maji mbele yake, si akihubiriwa.

Kwa hiyo utakapozungumzia usafi, uzungumzie na kisima. Daktari akidai kisima husikilizwa kuliko mwenyekiti wa kitongoji aliyekidai miaka yote, jambo ambalo si haki hata kidogo, lakini maadamu ndivyo ilivyo, kunyamaza kwako kutakuwa ni kuwanyima watu sauti iliyo mikononi mwako.

Lugha nayo isikupite. Tumezoea kusema kwamba kila Mtanzania anajua Kiswahili, lakini kwa Wasandawe wa Kwa Mtoro, na hata huku kwetu, bibi mwenye Kiswahili cha kununulia chumvi hana maneno ya kueleza maradhi ya uzazi. Nilimwona mmoja aliyeletwa na mjukuu wa shule ya msingi ili awe mkalimani. Tabibu akauliza, mtoto akatafsiri, bibi akamtazama mtoto, kisha akasema tumbo linamsumbua, akaandikiwa dawa ya minyoo. Nilimtoa mtoto nje, nikamsalimu bibi, "Mbukwa," tukazungumza Kigogo, ndipo akaeleza kwamba alikuwa akitokwa na damu ilhali hedhi ilikoma zamani. Uzito wa dalili hiyo unaujua kuliko mimi. (Haya nakueleza wewe, si ya kwenda nayo redioni.) Kumpanga katika zamu muuguzi anayejua lugha ya mahali hakungoji bajeti ya mwaka ujao.

Kuhusu bima utaulizwa tu, kwa kuwa Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ilipitishwa mwaka 2023. Waeleze wasikilizaji kwamba chini ya CHF iliyoboreshwa, yaani Mfuko wa Afya ya Jamii, kaya ilichangia shilingi 30,000 kwa watu 6, kisha uulize kwa adabu ni nani aliyehesabu kaya ya huku, yenye wake wawili, bibi na yatima wa ndugu, akapata sita.

Siri ya mgonjwa usiiguse hata kwa kuficha jina, kwa maana kijijini mtu hutambulika kwa ugonjwa wake. Zungumza kwa taaluma yako, usijifanye msemaji wa wizara, na umwombe mganga mkuu wa wilaya kibali cha maandishi, nakala yake ubaki nayo. Waombe pia watangazaji wawapokee wapiga simu wanaozungumza Kigogo. Unakijua vya kutosha kuwajibu, ingawa shangazi zako wataicheka lafudhi yako.

Mama yako