Kwa mnaoanza kupokea wahanga wa usafirishaji haramu wa binadamu, Moshi na Arusha

Binti akiletwa ofisini kutoka nyumba ya mtaa wa Majengo au Sakina alikokuwa akifanya kazi za ndani, usimuulize kama amesafirishwa kiharamu. Atakujibu hapana, na kwa anavyojua yeye hajakosea: alipanda basi mchana kweupe, tiketi ilikatwa kwa jina lake, na aliyemleta ni mtu anayemwita shangazi. Uliza mambo ya kawaida. Nauli alilipa nani? Aliahidiwa shilingi ngapi kwa mwezi, na anayezipokea ni nani? Akitaka kutoka getini, anaomba ruhusa kwa nani? Mara ya mwisho aliongea na nyumbani lini, na nani alikuwa pembeni akisikiliza? Hapo ndipo utajua kama una mgogoro wa mshahara tu au una jambo zito zaidi.

Sikiliza sana habari za deni. Chukua mfano: ameahidiwa 60,000 kwa mwezi, kisha anaambiwa kumpata kuligharimu 180,000. Miezi mitatu inapita bila senti. Wa nne anavunja sahani, wa tano anaugua, na vyote vinaongezwa kwenye hesabu ambayo haikuandikwa popote. Mwenyewe atakuambia "bado nadaiwa", kwa aibu, kana kwamba kosa ni lake. Muombe aihesabu mbele yako mwezi kwa mwezi, uandike kwa maneno yake hayo hayo. Ukurasa huo mmoja mara nyingi una nguvu kuliko maelezo marefu ya mateso.

Kosa hili limo kwenye Sheria ya Kuzuia Usafirishaji Haramu wa Binadamu ya mwaka 2008, na kwa mtu mzima Itifaki ya Palermo ya 2000 (mkataba wa Umoja wa Mataifa kuhusu kosa hili) inakutaka uone mambo matatu: kitendo (kumtafuta, kumsafirisha, kumhifadhi au kumpokea), njia iliyotumika (udanganyifu, vitisho, nguvu, kutumia unyonge wake), na lengo la kumnyonya. Kwa aliye chini ya miaka 18 njia haihitaji kuthibitishwa. Itifaki hiyo iko wazi hapo. Kwa hiyo bosi akisema "alikuja mwenyewe", kimbilia umri kwanza: cheti cha kuzaliwa, kadi ya kliniki, rejista ya shule ya msingi aliyosoma. Faili lisilo na umri huyumba tangu kituoni.

Na msichanganye hili na magendo ya wahamiaji. Kijana wa Ethiopia aliyelipa avushwe Namanga au Holili akielekea kusini, kwa kawaida ni magendo. Lakini akifungiwa njiani mpaka ndugu zake waongeze pesa, au akitumikishwa kufidia nauli, mambo yamebadilika. Waelezeni Uhamiaji hivyo kabla hajasomewa shtaka la kuingia bila kibali. Baadaye ni kazi ngumu.

Saa za mwanzo zina mtego wake. Huruma itakutuma umpe maji aoge na nguo safi. Kama kuna dalili za kubakwa, asioge wala nguo zisifuliwe kabla daktari hajamwona. Nguo ziwekwe kwenye mfuko wa karatasi, kwa sababu kwenye nailoni unyevu huharibu ushahidi. Dawa za kuzuia maambukizi ya VVU zianze ndani ya saa 72, na kila saa inayopotea inapunguza nguvu yake. Za dharura za kuzuia mimba, ndani ya siku 5. PF3, fomu ya polisi ya matibabu ya aliyeumizwa, inatoka polisi, na wa kumwona huko ni askari wa Dawati la Jinsia na Watoto. Aliyeumia vibaya apelekwe moja kwa moja hospitali ya Mawenzi (Moshi) au Mount Meru (Arusha), fomu itafuata. Kwa mtoto, afisa ustawi wa jamii awepo tangu mwanzo. Ukikwama usiku, piga 116, namba ya msaada kwa watoto, ni bure.

Mahojiano yafanyike faraghani, bila aliyemleta hata kama ni mwema. Mkalimani asiwe wa kijiji chake. Asimulie mara moja, kwa mtu mmoja. Akisimulia kwa watu wanne, tarehe zitapishana na wakili wa utetezi atazitumia zote. Simu yake zimeni huduma ya mahali ilipo, lakini msifute chochote: ujumbe wa muamala unaoonyesha pesa imetoka kwa bosi kwenda kwa dalali aliyemtafutia kazi ni shahidi asiyesahau. Na picha yake isiende kwenye kundi la WhatsApp, hata mkiziba macho. Moshi ni mji mdogo, watu wanajuana kwa viatu.

Sasa jambo ambalo wengi hulikosa. Wakati mnasubiri kesi ya jinai, dai la mshahara linakufa kimya kimya. Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayoshughulikia migogoro ya kazi, inapokea mgogoro wa kuachishwa kazi ndani ya siku 30, na mingine, ukiwamo wa mishahara, ndani ya siku 60. Jazeni fomu namba 1 ya Tume mapema. Mkichelewa, mtalazimika kuomba muda uongezwe na kueleza sababu, na "tulikuwa tunasubiri polisi" haitoshi kila mara.

Kosa kubwa kuliko yote, kwa maoni yetu, ni kumrudisha nyumbani haraka ili ripoti ifungwe. Kabla hajapanda basi, jueni nani kijijini alipokea pesa ya dalali. Mara nyingi ni ndugu wa nyumba hiyo hiyo, na binti akirudi mikono mitupu ataonekana ameleta hasara. Baada ya wiki chache anatafutiwa bosi mwingine, mbali zaidi. Ongeeni na afisa ustawi wa halmashauri ya kule. Muulizeni binti, bila ndugu kuwepo, angependa kukaa na nani: bibi, dada aliyeolewa, au asirudi kabisa. Akikataa kurudi, msimsukume. Ziara ya kwanza ya ufuatiliaji iwe ndani ya wiki mbili, na anayekwenda asivae fulana ya shirika wala asishuke kwenye gari lenye nembo, maana kabla hajamaliza chai dalali atakuwa ameshapigiwa simu.