Muulize Mtunzi: Muziki Unapoyafunika Maneno ya Mwigizaji

*Shikamoo mama. Nina studio ndogo hapa Iringa, nawatengenezea biti wasanii wa Bongo Fleva, na Jumapili napiga kinanda kwaya ya kanisani. Muongozaji mmoja wa tamthilia aliniomba muziki. Nikampelekea biti zangu kali kuliko zote, akazirudisha zote, anasema zinafunika maneno. Nikashusha sauti, bado hataki. Anataka nini huyu? – Mpiga Kinanda, Iringa*

Marahaba mwanangu. Muongozaji wako amesema kweli, ila hakukuonyesha tatizo liko wapi. Halimo kwenye ukubwa wa sauti, ndiyo maana kushusha hakukusaidia. Maneno ya mtu tunayatambua zaidi kwa konsonanti, zile s, t, k na ch, na nguvu yake kubwa iko kati ya hezi (mitetemo kwa sekunde) 1,000 na 4,000 hivi na kuzidi. Sasa sikiliza biti yako: snea, ile ngoma kavu inayopasua, iko hapo, gitaa liko hapo, mkono wako wa kulia kwenye kinanda uko hapo hapo. Mwigizaji akinong'ona "usiniache", snea inatua juu ya "ch" na neno limekwenda. Ukishusha kila kitu, mtazamaji anabaki na muziki hafifu unaoendelea kumnyang'anya maneno.

Jambo la pili ni kubwa zaidi. Mwimbaji huifuata biti. Mwigizaji hamfuati mtu: ananyamaza akitaka, anaharakisha akitaka, anameza mate katikati ya sentensi. Muziki wa filamu ndio unaopaswa kumfuata yeye, kwa hiyo huwezi kuutunga kabla hujamwona. Usimpelekee tena muongozaji kitu ulichokuwa nacho kwenye kompyuta. Omba kikao na yeye na mhariri wa picha, mkitazame kipindi chote bila muziki wowote, na mwandike kwa dakika na sekunde muziki unaingia wapi na unatoka wapi. Kutoka ni muhimu kuliko kuingia, na ndiko wengi wetu hatukujali.

Nikupe mfano wa kazi iliyo mezani kwangu sasa. Mke anasoma ujumbe kwenye simu ya mumewe. Anaiweka simu mezani, kifudifudi. Mume anaingia, mlango unafungwa, anauliza, "Umekula?" Muongozaji alitaka muziki tangu mke anapoanza kusoma. Nikamwomba tumwache asome kimya, tusikie feni tu, na muziki uanze mkono unapoiachia simu. Kutoka hapo hadi mlango kugonga ni sekunde 19. Nilitaka noti nzito ya chelo, ile fidla kubwa, ianguke pamoja na mlango, mwanzoni mwa baa (fungu la mapigo) ya saba. Mwendo niliokuwa nao ulikuwa mapigo 80 kwa dakika: baa 6 za mapigo manne manne ni mapigo 24, kila pigo robo tatu ya sekunde, jumla sekunde 18. Nimewahi sekunde moja. Basi ukigawanya 19 kwa 24 kila pigo linakuwa sekunde 0.79 hivi, yaani mwendo wa mapigo 75.8 hivi kwa dakika, na mlango na chelo vinakutana. Hakuna mtazamaji atakayegundua kwamba mwendo umepungua. Baada ya mlango chelo inashika noti moja tu, chini kabisa, haina mdundo, na kabla mume hajafungua mdomo imekwisha. "Umekula?" linasemwa kwenye ukimya. Tulipoiangalia tena, hakuna aliyetaka kuongeza kitu.

Usifanye hivyo kwa kila mlango. Muziki unaogonga kila hatua ya mwigizaji ni wa katuni. Mimi najiruhusu mara moja kwa kipindi, na kuna vipindi ambavyo sifanyi kabisa.

Kabla hujaanza, uliza pia picha ni ngapi kwa sekunde. Televisheni zetu hutumia 25, sinema hutumia 24, na ukikosea hapo muziki wako utateleza kidogo kidogo hadi mwisho. Rekodi kwa kilohezi 48, si 44.1 za CD, na umkabidhi faili za WAV zilizotenganishwa: nyuzi peke yake, ngoma peke yake, besi peke yake. Hapo mchanganyaji wa sauti anaweza kuondoa ngoma tu, asiue wimbo wote.

*Asalaam alaykum dada. Binti yangu yuko mwaka wa pili wa uhasibu, sasa anataka kuacha chuo awe mtunzi wa muziki wa filamu. Mwenyewe anatunga vizuri, sikatai. Kuna maisha huko? – Mama wa Tanga*

Waalaykum salaam dada yangu. Maisha yapo, ila hayaanzi kwa kuacha chuo. Nitakujibu kwa mtu ninayempenda kuliko wote katika kazi hii, Ennio Morricone wa Italia. Alizaliwa Roma mwaka 1928, baba yake alikuwa mpiga tarumbeta na yeye akajifunza tarumbeta. Akasoma utunzi kwenye chuo cha muziki cha Santa Cecilia chini ya Goffredo Petrassi. Kisha kwa miaka alikuwa fundi wa nyuma ya pazia: anapanga muziki wa waimbaji wa kampuni ya RCA, anapanga wa redio na televisheni. Filamu ya kwanza iliyobeba jina lake kama mtunzi ni ya mwaka 1961, akiwa ameshavuka miaka 30 na tayari anakula kwa muziki.

Miaka 3 baadaye akaja Sergio Leone, waliyekuwa naye darasa moja shule ya msingi, na picha ya kaboi isiyo na fedha za okestra kubwa. Morricone akatumia alichoweza kukipata: mluzi wa Alessandro Alessandroni, gitaa la umeme, kengele, mjeledi. Watu wengi wakisikia mluzi wa namna ile leo wanaona farasi na vumbi. Sauti hiyo imetokana na uhaba wa fedha kukutana na mtu aliyejua kupanga vyombo hata usingizini, na huo ujuzi ndio aliokuwa ameutafuta miaka yote ile kwa kazi ndogo ndogo. Alifariki mwaka 2020, ameacha kazi zaidi ya 400 za sinema na televisheni. Oscar ya kushindaniwa aliipata mwaka 2016, na umri wake ulikuwa miaka 87.

Binti amalize uhasibu. Jioni na likizo atafute kazi hizo ndogo: matangazo ya redio, filamu fupi za wanafunzi, kupanga muziki wa kwaya. Mimi mwenyewe hadi leo natunga matangazo ya redio na kufundisha fidla, na siyaonei haya, ndiyo yanayolipa kodi ya nyumba tamthilia zinapokawia kulipa. Zanzibar kuna chuo cha muziki cha nchi za jahazi, DCMA, na Bagamoyo kuna chuo cha sanaa, TaSUBa. Amwandikie muongozaji yeyote anayeanza, wa rika lake. Leone na Morricone walijuana wakiwa watoto, na nimeona mara nyingi kazi hii inapita kwa wanaojuana mapema.

Na mwambie hivi, dada, kutoka kwangu: mtunzi anayejua hesabu zake ni adimu na anahitajika.

*Nilitunga wimbo wa ufunguzi wa tamthilia kwa malipo ya mara moja, makubaliano ya mdomo. Sasa inarushwa nchi jirani na mtandaoni. Nina changu humo? – Mtunzi, Kigamboni*

Ndugu yangu, nenda COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, na ushahidi wote ulio nao: faili za mwanzo zenye tarehe, jumbe za simu, risiti ya malipo. Tunayo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na ulinzi wake unadumu maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kufa kwake. Ndiyo maana inaniuma mtu akimaliza mambo ya miaka yote hiyo kwa maneno ya kwenye simu. Kwa kazi iliyopita, mwandikie mtayarishaji barua ya heshima leo, umwombe mkae mwandike mlichokubaliana. Huenda naye hana hati, na akitaka kuuza tamthilia nje ataihitaji.

Kwa kazi zijazo, mkataba utaje mambo mawili mbalimbali: malipo ya kutunga na kurekodi, na mirabaha kila kazi inaporushwa. Ukipewa la kwanza, la pili lisifutwe kimyakimya. Halafu dai orodha ya muziki wa kila kipindi: jina la kipande, jina la mtunzi, sekunde zake, na kama ni cha ufunguzi au kiko chini ya mazungumzo. Vyama vya kukusanya mirabaha, kama PRS ya Uingereza au ASCAP ya Marekani, hugawa fedha za televisheni kwa orodha hiyo. Orodha isipokuwepo, fedha ikitoka haina jina la kulifuata. Na ujue kwamba Marekani majumba ya sinema hayalipi mirabaha ya muziki uliomo kwenye filamu, televisheni ndiyo inayolipa. Mimi orodha hiyo naijaza mwenyewe usiku ule ule ninaokabidhi muziki. Siachii ofisi ya mtu.

*Lazima nijue nota? – Shabiki, Mwanza*

Si lazima ili uanze. Lakini siku utakapomwita mpiga fidla studio na saa inahesabiwa, karatasi yenye nota inaokoa fedha zako. Jifunze taratibu.

*Mama, muongozaji wa Ulaya anataka "muziki wa Kiafrika" kwenye filamu yake. Nimpe ngoma gani? – Prodyuza, Arusha*

Usimpe ngoma yoyote kwanza. Muulize hadithi inatokea wapi, mwaka gani, kwa watu gani. Ludwig Göransson wa Sweden, alipotunga muziki wa filamu ya *Black Panther*, alisafiri hadi Senegal, akafuatana na mwimbaji Baaba Maal na kurekodi ngoma inayosema ya huko. Oscar ikaja mwaka 2019. Mgeni alifunga safari, basi wewe uliyezaliwa hapa huna sababu ya kununua sauti za jumla jumla mtandaoni. Hadithi ikiwa ya Dodoma, mtafute mpiga ilimba wa Kigogo, kile chombo cha vijiti vya chuma kinachopigwa kwa vidole gumba. Usimlazimishe kulingana na kinanda, kwa sababu ilimba ina mpangilio wake wa sauti. Rekodi yeye kwanza, halafu nyuzi zako zimfuate. Mlipe siku hiyo hiyo, na jina lake liandikwe kwenye ile orodha ya muziki niliyoitaja juu.