"Jina langu naitwa" nani?

SWALI: Jina langu naitwa Elisante, mkazi wa Majengo, Moshi. Kazini wananitania kwamba jina langu si Kichaga wala si Kizungu. Asili yake ni ipi, na lina maana gani?

JIBU: Wanaokutania hawajakosea. Eli ni Kiebrania, "Mungu wangu", na ndani yake mna El ileile inayofunga Danieli, Samweli na Mikaeli. (Kuhani Eli aliyemlea Samweli hahusiki, jina lake lina mzizi mwingine kabisa.) Asante nayo ni Kiarabu, ahsanta, umetenda vema. Waliyaunganisha Waswahili wa milimani: "Asante, Mungu wangu." Ndugu zake ni Elirehema, Elifuraha, Eliamani, na Eliakunda, ambalo kipande chake cha pili ni cha lugha za nyumbani: -kunda, kupenda. Yamejaa Uchagani, Upareni na Meru, hasa kwa Walutheri, ambao wamisionari wao wa Leipzig walifika Kilimanjaro mwaka 1893.

Liandike neno moja. Ukijaza "Eli Sante" kwenye fomu, karani atalifanya Sante jina la kati, na siku vyeti vitakapogongana utamlipa wakili akuandalie hati ya kiapo.

Swali lako limeisha. Sasa tuje kwenye maneno matatu uliyoanza nayo.

"Jina langu naitwa." Anayeitwa ni nani? Ile na- ya naitwa ni mimi, yaani ni- na -a- zilizoungana, kwa hiyo kitenzi kimeshapata mtu wake. Jina langu limebaki limesimama kama mgeni aliyealikwa harusini akakosa kiti. Hebu upeleke muundo huo kwingine: "Umri wangu nina miaka 30." "Kazi yangu nashona." "Makazi yangu naishi Majengo." Mbona hayo yanakuchekesha?

Wapo watetezi. Watakuambia Kiswahili huruhusu kutanguliza mada: "Kitabu hiki nimekisoma." Kweli kabisa, lakini itazame hiyo -ki-, ndiyo inayokishika kitabu kisidondoke. "Mzee huyu mtoto wake anaitwa Elirehema" nayo ni safi, kwa kuwa -ke inamrudia mzee. Katika naitwa hakuna herufi hata moja inayolirudia jina.

Halafu kuna mafundi waliojaribu kuziba pengo: "Jina langu linaitwa Elisante." Ngeli imepatana, li- iko mahali pake, ila sasa jina lenyewe limepewa jina. Afadhali ugonjwa kuliko dawa hiyo.

Na "Kwa majina naitwa", wimbo wa washereheshaji na wapiga simu redioni kuanzia Arusha hadi Himo? Kisarufi haina kosa. Kwa majina ni kielezi tu. Inachosha, kwani nani huitwa kwa filimbi? Na wengi wakishatangaza "majina" wanataja moja.

Sema "Naitwa Elisante", au "Jina langu ni Elisante". Chagua moja, usizipikie chungu kimoja. Lakini ukisimamishwa kwenye kipaimara cha mtoto, kipaza sauti kikakutoa jasho na ulimi ukateleza kwenye "kwa majina", endelea tu. Nitainamia sahani yangu ya machalari. Ukisema "jina langu naitwa", nitanyanyua kichwa.