Maswali na majibu: Iceland, usiogope baridi, ogopa upepo

Barua za mwezi huu karibu zote ni za Iceland, na nusu yake zinauliza baridi. Hakuna hata moja iliyouliza upepo. Nitausema hata hivyo.

Likizo yangu ni Julai. Nitaziona taa za kaskazini, ile mianga ya rangi angani usiku?

Hapana. Julai hakuna giza la kuzionea. Njoo kati ya Septemba na Machi, usiku usio na mawingu. Swali hili nalijibu kila mwaka.

Siku nne zinatosha kukizunguka kisiwa chote kwa gari?

Barabara Namba 1, inayokizunguka kisiwa, ina takribani kilomita 1,320. Ukigawa kwa nne unapata 330 kwa siku, na hesabu hiyo ndiyo inayowaponza wageni. Mwendo wa juu ni kilomita 90 kwa saa kwenye lami, 80 kwenye changarawe, 50 mjini. Kamera zipo, na faini itakufuata hadi nyumbani kupitia kampuni iliyokukodisha gari. Kiangazi, wiki moja ndiyo kiasi cha chini kabisa. Siku kumi ndiyo safari. Desemba mwanga wa mchana Reykjavík, mji mkuu, hudumu kama masaa manne au matano tu, na dhoruba ikija barabara inafungwa.

Mwenye siku nne abaki kusini: Reykjavík hadi kijiji cha Vík, akipenda asogee mpaka ziwa la barafu la Jökulsárlón, kisha arudi. Barabara zenye herufi F mbele ya namba aziache. Zile ni za milimani, hufunguliwa kuanzia Juni, na sheria inataka gari linalosukuma magurudumu yote manne. Nyingi hazina madaraja, unavuka mto wenyewe. Injini ikinywa maji, bima ya kawaida haikujui.

Leseni ya Tanzania inakubalika? Na wanaendesha upande gani?

Leseni inakubalika kama haijaisha muda na ina picha, namba na herufi za Kilatini. Upande ni wa kulia, tangu 1968. Kwa hiyo kipilefti cha huko hakina "left" yoyote: unakizunguka kinyume cha saa, na penye njia mbili aliye njia ya ndani ndiye mwenye haki ya kutoka kwanza. Hilo halipo kwetu, na ndipo wageni wanapogongwa ubavuni. Taa za gari ziwake mchana na usiku.

Jifunze maneno mawili ya vibaoni. *Einbreið brú* ni daraja la njia moja: aliyelikaribia kwanza hupita kwanza, mwingine husubiri. *Malbik endar* ni lami imeisha. Punguza mwendo kabla ya kibao, si baada yake. Ukifunga breki juu ya changarawe gari linaserereka na kupinduka. Kiangazi kondoo wanazurura. Ukimwona mama upande huu na mtoto upande ule, simama, maana mmoja wao atavuka.

Sasa upepo. Utabiri wa huko hutolewa kwa mita kwa sekunde. Mtu anasoma 20, anadhani ni kaupepo. Ishirini hiyo ni kilomita 72 kwa saa. Kuanzia 15, gari refu la kulala ndani liegeshwe. Ikipita 20, na wewe mwenye gari dogo tulia ulipo. Ukiegesha, elekeza pua ya gari kwenye upepo, shika mlango kwa mikono miwili, na abiria wafungue mmoja mmoja. Upepo ukitokea nyuma unaukunja mlango hadi bawaba zinapinda, na bima nyingi za magari ya kukodi hazilipi mlango uliong'olewa na upepo. Soma mkataba kabla ya kutia saini. Kila asubuhi fungua vedur.is kwa hali ya hewa na umferdin.is kwa barabara. Dharura ni 112.

Nibebe makoti mangapi?

Moja, lisilopitisha maji wala upepo. Julai Reykjavík ni nyuzi 11 au 12, kama asubuhi ya Nairobi mwezi huo huo. Ndani vaa sufu, katikati sweta. Pamba na jinzi zikilowa hazikauki na zinakunyonya joto. Koti zuri utalipata kwenye mitumba kabla ya kuondoka; la huko utalilipia machozi. Mwavuli uache nyumbani.

Ni kweli kwenye mabwawa ya kuogelea lazima nioge uchi?

Ni kweli. Unavua viatu kabla ya kuingia chumba cha kubadilishia, unavua nguo zote, unaoga kwa sabuni bila vazi la kuogelea, ndipo unalivaa. Wanaume kwao, wanawake kwao. Picha ukutani inaonyesha pa kusugua: kichwa, makwapa, sehemu za siri, miguu. Si ushamba wala uhuni. Wanatia klorini kidogo, na usafi wa maji unakutegemea wewe. Mwenye haya aulize mapokezi kama kuna bafu lenye pazia, mabwawa mengi yanalo. Lakini anayeruka kuoga ataambiwa mbele ya watu.

Ukienda Blue Lagoon, lile bwawa maarufu la maji ya moto, nywele zifunge juu, zisiguse maji. Madini ya silika yaliyomo majini yanazikausha na kuzifanya ngumu kama katani, na nywele za kusuka ndizo zinazoteseka zaidi.

Maji ya bomba yananuka yai viza. Ninunue ya chupa?

Usinunue. Kinachonuka ni maji ya moto yatokayo ardhini, yana salfa. Hayadhuru, ila yanachafua pete za fedha na yanaunguza. Fungua ya baridi, yaache yatiririke kidogo, kunywa.

Soseji zao maarufu ni za kondoo. Mwislamu anaruhusiwa?

Kondoo ni sehemu tu. *Pylsa* ya kawaida ina nyama ya nguruwe na ng'ombe pia. Kula samaki.

Nimwiteje mwenyeji, Bwana nani?

Jina lake la kwanza, hata akiwa rais. Jónsson si ukoo, ni mwana wa Jón. Jónsdóttir ni binti yake. Msomaji aliyekulia na "bin" na "binti" asihitaji kuelezwa zaidi.

Nibadilishe fedha kiasi gani?

Hata senti. Kadi inapokelewa kila mahali, ila pampu za mafuta zisizo na mhudumu zinadai namba ya siri ya tarakimu nne. Ijaribu kadi yako kabla ya safari.

Naomba mahali pazuri pa kupiga picha kwenye ufuko wa Reynisfjara, karibu na maji.

Karibu na maji hapapo. Wimbi moja kati ya mengi hupanda mbali kuliko mengine bila dalili, linamkumba mtu magotini na kumvuta, na watu wamekufa pale. Taa ya onyo iko njia ya kuingilia; ikiwa nyekundu, usishuke kwenye mchanga. Ikiwa imeruhusu, bahari usiipe mgongo, na picha piga ukiwa nyuma ya mstari wa mchanga mkavu.