Mti Unaojua Kila Kitu

Wadogo zetu mnaoanza kubuni ulimwengu wa riwaya, mti umerudi tena. Kila wanapoingia wageni, daftari za kwanza huja na mti uleule: mkongwe, unang'aa usiku, umebeba maarifa yote ya taifa tangu mwanzo, na ukiugusa unakujibu. Safari nyingine ni nyangumi, au bibi kipofu pangoni. Tunaupenda mti huo, tusidanganyane. Lakini ramani zenu zina vipimo, uchawi wenu una gharama, hata punda wenu wanachoka. Hazina hai ya maarifa, yaani kiumbe au watu wanaobeba kumbukumbu za taifa, peke yake ndiyo haili, haichoki wala haikosei. Tuanze na mti wenyewe.

1. Kiheshimu chombo ulichochagua. Mti hurefuka kwenye ncha za matawi. Shina hunenepa tu. Maandishi yaliyochongwa usawa wa kifua yatabaki usawa wa kifua hata baada ya miaka 300. Kitakachotokea ni herufi kutanuka kwa upana, gome kuziba jeraha, na mwisho kubaki kovu. Kwa hiyo ile sura ambamo shujaa anapanda kileleni kusoma historia ya kale, ifuteni. Katika mti, mbao mpya iko nje, chini ya gome, na ya kale imefunikwa ndani. Anayetaka habari za zamani itabidi atoboe au akate, na kila swali humwachia mti kidonda. Hilo lina faida kwenu kuliko mng'ao, maana sasa kuna mtu wa kukataa swali lisiulizwe.

2. Mnaopenda kamba na mafundo, tazameni khipu, kamba za mafundo ambazo Wainka wa Amerika Kusini waliwekea hesabu. Tarakimu zilifuata mfumo wa kumi: mamoja karibu na ncha ya kamba, makumi juu yake, mamia juu zaidi kuelekea kamba kuu. Fundo la mamoja lilifungwa kwa namna tofauti ili msomaji ajue namba imeishia wapi, na sifuri ilikuwa nafasi tupu. Katika mfumo kama huo usiweke mafundo ya kuteleza, kwa sababu fundo likihama kutoka mamoja kwenda makumi, magunia 7 ya nafaka yanakuwa 70 na jimbo zima linatozwa kodi ya uongo. (Hiyo peke yake ni riwaya.) Waluba wa Kongo nao walikuwa na lukasa, ubao wa kushika mkononi uliopangwa shanga na kauri, mjuzi aligusa shanga huku akisimulia, na usimulizi ulibadilika kufuatana na msomaji na shughuli iliyowakutanisha. Ubao ni uleule, historia si ileile. Mnaouliza hazina kuwa “hai” maana yake nini, jibu la kwanza ni hilo.

3. Sasa tulipoumia wote. Tukiri tu: hazina isiyokosea imo katika daftari la kwanza la karibu kila mbunifu, wazee wa kazi hii wakiwemo. Huandikwa hivi: wakariri kumi na wawili, kila mmoja anajua kila kitu, hakuna neno lililopotea kwa miaka elfu. Inapendeza hadi sura ya tano, msomaji anapouliza mbona hawakumwuliza mkariri. Mbunifu anamuua mkariri. Msomaji anakumbusha kwamba wamebaki kumi na mmoja. Anawaua wote usiku mmoja kwa sumu, na sasa ana riwaya ya sumu ambayo hakuipanga.

Dawa haipatikani kwa kuua. Dawa ni kujua makosa huingia wapi. Mkariri haangushi maneno ovyo. Beti mbili zikianza sawasawa, huingia kwa ya kwanza akatokea kwa ya pili, na kila kilicho katikati kinapotea bila yeye kuhisi. Neno la kale huachia nafasi neno la siku hizi linalofanana nalo. Namba huharibika mapema, kwa sababu maana haizishikilii. Mizani haitoshi kuzilinda: tatu, tano, sita, saba, nane na tisa zote zina mizani mbili, hivyo mshororo hautachechemea ukibadilisha moja kwa nyingine. Iweke namba kwenye kina. Silabi zao za mwisho ni tu, no, ta, ba, ne, sa, hakuna mbili zinazolingana, na atakayekosea atavunja ubeti mbele ya watu.

Wakariri wa Veda, maandiko matakatifu ya kale ya Wahindu, nchini India walikwenda mbali zaidi. Katika mtindo uitwao ghana, maneno matatu husomwa hivi: 1-2, 2-1, 1-2-3, 3-2-1, 1-2-3, kisha unasogea neno moja na kuanza upya. Neno likiruka, mfuatano wote unakwama. Ulinzi mzuri, lakini pigeni hesabu kabla ya kuuiba. Kila hatua ina maneno 13. Chukua hazina ya maneno milioni mbili, mwendo wa maneno 100 kwa dakika, saa sita kwa siku. Kuisoma yote mara moja kwa njia ya kawaida ni siku 56. Kwa ghana ni siku 722, karibu miaka miwili, na bado hujamfundisha mtoto hata mmoja.

Kwa hiyo taifa lako litachagua. Sheria za urithi na nasaba za wafalme zipewe ghana; dawa za mifugo na njia za majini zisomwe kikawaida, zikosewe, zirekebishwe. Sasa umepata tabaka, umepata wivu kati ya koo za wakariri, umepata dawa ya ng'ombe iliyogeuka sumu kwa sababu jani moja limebadilishwa jina. Hakuna aliyelazimika kufa.

4. Haya ni ya haraka. Panga jinsi ya kutafuta, kwa sababu hazina isiyo na faharasa ni ghala la kelele. Lugha huzeeka, basi kuwe na watu wanaokariri wasichokielewa na wengine wanaoelewa wasichokikariri. Na kabla ya kuchoma maktaba, angalia imeandikwa juu ya nini: Ninawi, mji mkuu wa Ashuru ya kale, ilipoteketezwa mwaka 612 KK, moto ulioka vibao vingi vya udongo vikazidi kuwa vigumu, ilhali mbao za kuandikia zilizopakwa nta ziliangamia.

5. Andika wakariri wanakula nini. Saa sita za kukariri kwa siku maana yake mtu huyo halimi. Wakariri 40 ni vinywa 40 vya kulishwa na wakulima wasioruhusiwa kuuliza swali hata moja, na mvua ikikosekana miaka miwili mfululizo, anzeni kuhesabu ni tenzi zipi zitaachwa kwanza.