Sahani ya pili

SWALI: Aksanti kwa kazi yenu, Yaya. Niko kijana wa Katuba hapa Lubumbashi, naandika senario juu ya baba mmoja anafukuzwa kazi, nimeshafika kurasa 64. Rafiki aliniletea mu flashi filimu mbili za Aki Kaurismäki, yule muzee wa Ufini. Watu hawacheki, hawalii, wanaangaliana tu, mpaka nikafikiri ordinateri imekwama! Sasa juu ya nini anapewa zawadi kubwakubwa? Na alisoma wapi? Ju mimi sina makuta ya shule ya sinema.

JIBU: Kadogo, hata mimi mara ya kwanza nilipigapiga kibodi, usione haya.

Ya shule tuimalize haraka. Alizaliwa 1957, ameosha vyombo, amepeleka barua za posta, ameandika gazetini juu ya filimu za wengine, na mlango aliingilia njo kalamu: 1981 alishiriki kuandika filimu ya mkubwa wake Mika na akacheza ndani yeye mwenyewe, kisha 1983 akatoa ya kwake ya kwanza, hadithi ya Dostoevsky, mwandishi wa Urusi, ameihamishia Helsinki kwao Ufini. Tangu pale senario anaandika yeye. Zawadi nazo ni nyingi: festivali ya sinema ya Cannes 2002, ya Berlin 2017 kama realizatere bora, akasema basi anaacha, halafu 2023 huyo tena Cannes na Les Feuilles mortes. Wazee wa hivi tunawajua, wanaaga kwenye mlango saa nzima.

Sasa tuje kwa ile kukwama. Ndani ya hiyo ya 2023 kuna mama anafanya kazi supermarket, anaishi peke yake, siku moja amealika mwanaume kuja kula. Wewe na mimi tungemwandikia maneno, amwambie jirani "nimechoka kukaa peke yangu miaka yote hii", machozi, muziki juu. Kaurismäki anamtuma dukani, ananunua sahani moja, kisu kimoja na uma mmoja, basi, ju nyumbani vilikuwa vya mtu mmoja tu! Hakuna mtu amesema kitu. Na jamaa anapoondoka vibaya, ju ya pombe yake, ile sahani inaenda kwenye takataka. Mi nilisimamisha filimu pale nikaenda kuhesabu sahani zangu, kweli kabisa.

Uso mkavu wa wale waigizaji si uvivu, anawakataza kulia ili wewe njo ulie. Au ucheke, maana ni komedi zile, ila anacheka pembeni kama mashangazi kwenye kilio.

Na ya kwako ya kufukuzwa kazi alishaifanya, 1996, Au loin s'en vont les nuages, itafute. Dereva wa tramu, kampuni inataka kupunguza watu, basi wanavutishwa karata mezani, mwenye karata ndogo anaenda nyumbani. Bibi yake naye restora anayofanyia inafungwa. Hapa kwetu ambako 2003 wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines, kampuni ya madini ya serikali, waliondoka kwa "départs volontaires", eti kwa hiari yao, ile meza ya karata haihitaji mtafsiri, na angalia vile baba anavuta, anaangalia, hakuna hotuba. Halafu nyumbani wana televizyo mpya ya deni bado haijalipwa, imesimama pale sebuleni inawaangalia.

Kuna kitu kimoja sikipendi nikiseme: mara nyingine maskini wake ni wazuri mno, hakuna mwenye wivu wala mdomo mrefu, na wewe umekaa parsele moja na watu, unajua. Pale usimfuate.

Nimesoma kurasa ulizotuma. Baba anarudi nyumbani anamweleza mama kurasa nne nzima namna alivyofukuzwa, na mama anajibu mbili. Lakini mwanzoni kabisa, ukurasa wa 3, umeandika kwamba kila asubuhi mama anamfungia bukari kwenye kitambaa cha bluu apeleke kazini, kisha umekisahau kile kitambaa hata hakirudi tena. Sasa toa yale maelezo yote, baba anyamaze: asubuhi ya pili, mama ambaye hajaambiwa anafunga bukari kama kawaida, baba anakipokea... anakipeleka wapi?

Andika hiyo tu, kurasa mbili zisizidi, unitumie. Zile 64 zibaki kwako kwanza.