Kuiga kihisi cha mtiririko wa maji ndani ya Proteus

Assalaam alaykum, ndugu yangu wa Wete. Umeuliza utakipata wapi kihisi cha YF-S201 ndani ya Proteus, programu ya kompyuta ya kuigiza saketi za umeme, ili uujaribu mradi wako wa kupima maji ya tangi la msikiti kabla hujanunua vifaa. Kwa kawaida hakimo katika maktaba ya programu hiyo, na kwa kweli hukihitaji, kwa sababu Arduino, ile bodi ndogo ya kielektroniki inayosoma kihisi, haiyaoni maji. Inachokiona ni mapigo ya umeme tu.

Ndani ya kihisi mna gurudumu dogo lenye sumaku, na maji yanapolizungusha, kipande cha Hall, kinachohisi sumaku, kilichofichwa ubavuni hutoa mapigo katika waya wa njano. Mapigo kwa sekunde ni takriban 7.5 mara lita zinazopita kwa dakika, yaani mapigo 450 kwa kila lita. Basi weka jenereta ya mapigo ya volti 0 hadi 5, iunganishe na pini namba 2 ya Arduino Uno, kisha uipe hezi 75, yaani mapigo 75 kwa sekunde: skrini ikionesha lita 10 kwa dakika, hesabu yako ni sahihi. Jaribu na hezi 0 pia, maana huku kwetu mfereji hukauka ghafla, na programu inayosubiri pigo lisilokuja hukwama.

Ukishakinunua kifaa chenyewe, weka rezista ya kiloomu 10 kati ya waya wa njano na volti 5, halafu ujaze dumu la lita 20 huku ukihesabu mapigo. Yakiwa mbali na 9,000, irekebishe ile 450 kulingana na ulichokipata.